Tony alikuwa na hoja, hati ndiyo iliyokuwa na kasoro

Swali la msomaji: "Nafundisha Uraia kidato cha tatu na ni mlezi wa klabu ya midahalo shuleni kwetu. Muhula huu tulitazama filamu ya Captain America: Civil War, kisha tukafanya mdahalo: je, mashujaa wenye nguvu kubwa wasimamiwe na serikali? Wanafunzi karibu wote walienda upande wa Kapteni. Mimi nilibaki na Tony Stark, kwa sababu naamini hakuna mwenye nguvu anayefaa kujisimamia mwenyewe. Kisheria, nani alikuwa sahihi? Na kwa nini filamu inatufanya tumpende yule asiyetaka kusimamiwa?"

Mwalimu, nakusalimu wewe na wanafunzi wako. Kwa upande wa kanuni uko sahihi, na Tony yuko sahihi pamoja nawe. Ila kwa upande wa hati yenyewe iliyoletwa isainiwe, wanafunzi wako wameona jambo ambalo watu wazima wengi walilipita. Na kuna mtu ambaye pande zote mbili zilimsahau, za kwenye filamu na nadhani hata za darasani kwako: raia wa kawaida aliyeumia. Huyo kwangu ndiye kiini cha suala zima, na nitamfikia.

Kwanza niwaeleze wasioitazama. Filamu ilitoka Mei 2016 chini ya waongozaji wawili ndugu, Anthony na Joe Russo, na hakuna filamu iliyoingiza fedha nyingi zaidi yake duniani mwaka ule. Avengers, kikosi cha mashujaa wenye nguvu za ajabu, kinaingia Lagos kumsaka Brock Rumlow, mamluki anayeiba silaha ya kibiolojia. Akizidiwa, Rumlow anajilipua katikati ya soko. Wanda Maximoff, mwenye uwezo wa kusogeza vitu bila kuvigusa, anaubana mlipuko ule na kuunyanyua juu ili usiwateketeze watu wa sokoni, lakini unamponyoka na kupasua ghorofa za jengo la jirani. Miongoni mwa waliokufa ni watu 11 wa Wakanda, nchi ya kubuni ya Kiafrika, waliokuwa Nigeria kwa kazi za misaada. Nchi 117 zinaidhinisha Mkataba wa Sokovia, uliopewa jina la nchi nyingine ya kubuni iliyoharibiwa katika vita vya kikosi hichohicho. Kuanzia hapo Avengers watakwenda tu pale ambapo jopo la Umoja wa Mataifa limeona inafaa. Tony, ambaye ndiye Iron Man, anakubali; Steve Rogers, ambaye ndiye Kapteni, anakataa; na kikosi kinapasuka vipande viwili.

Hoja ya Tony haihitaji kutetewa kwa maneno mengi. Hati ya Umoja wa Mataifa ya mwaka 1945, ibara ya 2(4), inakataza nchi kutumia nguvu dhidi ya nchi nyingine, na milango inayokubalika ni michache: kujilinda, idhini ya Baraza la Usalama, au ridhaa ya nchi husika. Sasa hawa ni watu wachache wenye makao Marekani, wanaingia jiji la mamilioni ya watu na kupigana sokoni. Hakuna mahali tunapoonyeshwa Nigeria ikiombwa ruhusa, wala hatumsikii kiongozi yeyote wa Nigeria akisema nchi yake inataka nini. Kila mara linalouma Afrika linajadiliwa kwenye meza ambayo sisi hatupo, na filamu hii imelirudia hilo bila kujiuliza. (Hata Lagos yenyewe walioionyesha waliijenga Atlanta.) Kwa hiyo Waziri wa Mambo ya Nje wa Marekani, Thaddeus Ross, anapowaambia kwamba wamefanya kazi miaka minne wakiwa na nguvu zisizo na mpaka na bila msimamizi, anasema kweli tupu.

Lakini naomba uwaonyeshe wanafunzi tena lile tukio la mezani, safari hii mkiwa na kalamu mkononi. Ross anaweka hati nene mezani. Anawaonyesha picha za New York, Washington, Sokovia, Lagos, na Wanda anageuza uso. Anawapa siku tatu: utiaji saini utafanyika Vienna, na asiyetaka astaafu. Anaondoka. Kinachofuata ni mabishano mazuri sana. Rhodes, mmoja wa wanakikosi, anasimama na nchi 117. Mwenzao Sam Wilson anaona watakuja kutendewa kama wahalifu. Vision anatoa hesabu yake kwamba nguvu huvuta changamoto, na changamoto huzaa maafa. Tony ananyamaza muda mrefu, anainuka kana kwamba anatafuta kahawa, halafu anawatolea picha ya kijana anayeitwa Charles Spencer. Amemaliza chuo, kazi inamsubiri, ila kabla ya kuianza alikwenda Sokovia kujengea maskini nyumba, na jengo likamwangukia wakati wao wakipigana. Picha hiyo Tony alipewa na mama wa kijana, uso kwa uso.

Steve anajibu kwamba wakisaini wanajivua jukumu, maana jopo litaendeshwa na watu wenye maslahi yao na maslahi hubadilika. Itakuwaje tukitumwa tusikotakiwa kwenda? Itakuwaje tukikatazwa kwenda tunakohitajika? Hapo simu yake inaingiza ujumbe kwamba Peggy Carter, mpenzi wake wa zamani, amefariki. Anatoka. Mjadala haukumalizika, Mwalimu, ulikatizwa na msiba, na filamu nzima haiurudii tena ukiwa umekamilika.

Wakiwa na kalamu mkononi wanafunzi watagundua kwamba hakuna aliyeuliza kilichomo ndani ya hati. Jopo lina watu wangapi? Wanateuliwa na nani? Likikosea, rufaa inakwenda wapi? Mama yake Charles akitaka kushtaki, anamshtaki nani? Wanabishana kuhusu kusaini au kutosaini kitu ambacho hatusikii ibara yake hata moja ikisomwa.

Tunachokijua kuhusu hati hiyo tunakijua kwa matendo yake, na hapo ndipo nawaunga mkono wanafunzi wako. Kwa sheria ya mikataba, ambayo imekusanywa katika Mkataba wa Vienna wa mwaka 1969, mkataba wa kimataifa husainiwa na mataifa kwa niaba ya mataifa. Mtu binafsi hubanwa na sheria za nchi yake zilizotungwa kuutekeleza. Hapa mtu binafsi anawekewa kalamu mbele yake na kuambiwa asaini au aache kazi. Sawa, tuseme ni masharti ya ajira. Lakini tazama kinachompata Wanda. Tukio liko Berlin: Tony anamletea Steve kalamu za kihistoria, zile ambazo Rais Franklin Roosevelt alisainia mwaka 1941 sheria ya kuwapa washirika wa Marekani msaada wa silaha. Steve anaishika mojawapo. Amekaribia kabisa kukubali, anataka tu kuwe na vipengele vya kulinda haki. Ndipo inapomtoka Tony kwamba Wanda amefungiwa kwenye makao ya kikosi, hatoki, kwa sababu si raia wa Marekani na hakuna anayetoa viza kwa silaha ya maangamizi. Steve anairudisha kalamu.

Sijaona tukio jingine katika filamu za aina hii linaloeleza utawala wa sheria vizuri hivyo. Binti hajashtakiwa wala hajasikilizwa, hajaambiwa atakaa ndani mpaka lini, na kinachotajwa kama sababu ni kwamba hana uraia. Bucky Barnes, rafiki wa Steve anayetuhumiwa kulipua jengo la Vienna na kumuua Mfalme T'Chaka wa Wakanda, ametolewa amri auawe akionekana tu, kabla hata hajahojiwa. Bomu hilo hakulitega yeye. Linapoulizwa suala la wakili, ofisa anayesimamia kesi analichukulia kama kichekesho. Na wale wa upande wa Steve waliokamatwa baada ya pande mbili kupigana kwenye uwanja wa ndege wa Leipzig wanatupwa katika gereza lililo chini ya bahari, Wanda akiwa amefungwa mikono kifuani na kuvikwa kola shingoni, bila mahakama yoyote kutajwa. Usimamizi unaotenda haya hauna sifa ya kuitwa sheria. Ni nguvu zilezile zimehamishwa kutoka mikono ya Avengers kwenda mikono ya Ross.

Na wala Tony hakuifuata hati. Ross anampa saa 36 amlete Steve, na yeye anakimbilia Queens, New York, kumchukua Peter Parker, yaani Spider-Man, mwanafunzi wa sekondari anayeishi na mama yake mdogo, na kumpeleka Ujerumani kupigana. Walioko kidato cha tatu watalielewa hili haraka kuliko sisi: mtetezi wa kanuni amemtoa mtoto shuleni akampeleka vitani, mama yake mdogo akidanganywa. Itifaki ya mwaka 2000 ya Mkataba wa Haki za Mtoto imeweka miaka 18 kuwa umri wa chini wa kushiriki mapigano moja kwa moja. Siku chache tu baadaye, akishaliona lile gereza, Tony anamzunguka Ross na kumfuata Steve Siberia kwa siri, kinyume kabisa na mkataba aliousaini.

Sasa lile swali la Steve, la kukatazwa kwenda unakohitajika. Si swali la sinema tu. Januari 1994 Jenerali Roméo Dallaire, kamanda wa kikosi cha Umoja wa Mataifa nchini Rwanda, alituma taarifa New York kwamba amepata habari za maghala ya silaha Kigali na anakusudia kuyavamia. Akazuiwa. Mauaji yalipoanza Aprili, Baraza la Usalama, badala ya kumwongezea askari, lilipitisha tarehe 21 Aprili azimio namba 912 la kukipunguza kikosi kutoka askari wapatao 2,500 hadi 270. Kwa makadirio ya Umoja wa Mataifa watu wapatao 800,000 waliuawa ndani ya siku mia moja. Jopo lilikuwepo. Kikao kilikaa, kura zikapigwa, taratibu zote zikafuatwa.

Katika kikosi hicho kulikuwa na kapteni wa kweli, Mbaye Diagne wa jeshi la Senegal. Alikuwa mwangalizi wa kijeshi, watu ambao kazi yao ni kutazama na kuandika ripoti, na hawabebi silaha. Waziri Mkuu Agathe Uwilingiyimana alipouawa, Diagne aliwaficha na kuwaokoa watoto wake. Kisha akaendelea, akipita kwenye vizuizi vya wauaji na watu wachache wachache ndani ya gari, akiongea, akitania, akigawa sigara, mpaka akaokoa mamia, kinyume na mipaka ya kazi aliyopewa. Kombora lilimuua kwenye kizuizi Kigali tarehe 31 Mei 1994. Miaka 20 baadaye Baraza lilelile la Usalama likaanzisha nishani ya ushujaa yenye jina lake.

Wanafunzi wako watasema, unaona, Kapteni alikuwa sahihi! Waache waseme, halafu uwatajie tofauti. Diagne aliyevuka amri hakuwa na bunduki. Hatari aliyoiongeza ilimwangukia yeye. Steve akivuka amri, hatari inawaangukia wengine: magari yanasagwa kwenye barabara ya chini kwa chini ya Bucharest, uwanja wa ndege unabomolewa, na Rhodes anaanguka kutoka angani na kuumia uti wa mgongo, akipigwa kwa bahati mbaya na mwenzake wa upande huohuo. Dhamiri inaweza kumtosha anayejihatarisha mwenyewe. Anayehatarisha maisha ya wengine anadaiwa zaidi ya dhamiri, na hapo narudi kwako, Mwalimu.

Usimamizi una kazi mbili, na filamu inazichanganya muda wote. Ya kwanza ni kutoa ruhusa: nani aende wapi, lini, kwa nguvu kiasi gani. Ya pili inakuja moshi ukishatulia: nani achunguze, nani aombe radhi, nani alipe, nani asimame mbele ya hakimu. Ross na Tony na Steve wanagombania ya kwanza tu. Ya pili haitajwi, na waliokufa Lagos walihitaji zaidi ya pili.

Usidhani Umoja wa Mataifa ukishika usukani basi ya pili inakuja yenyewe. Oktoba 2010, miezi michache baada ya tetemeko kubwa, kipindupindu kiliingia Haiti. Chanzo kilikuwa maji machafu ya kambi ya walinda amani kutoka Nepal, yaliyoingia kwenye mto ambao watu walikuwa wakiutumia. Wakafa watu wapatao 10,000. Makubaliano kati ya Umoja wa Mataifa na Haiti yalitaka iundwe tume ya kupokea madai ya wananchi walioumizwa na kikosi, na tume hiyo haikuundwa kamwe. Waathirika maelfu walipowasilisha madai, mwaka 2013 waliambiwa hayapokeleki. Wakaenda mahakamani New York. Agosti 2016, miezi mitatu baada ya filamu hii kutoka, mahakama ya rufaa ilithibitisha kwamba Umoja wa Mataifa una kinga na haushtakiki. Katibu Mkuu Ban Ki-moon aliomba radhi Desemba mwaka huohuo. Kikosi hicho kilikuwa na ruhusa kamili tangu siku ya kwanza. Ruhusa haikumsaidia mama aliyezika watoto.

Ukiwa na hilo kichwani, adui wa filamu anaonekana kwa sura nyingine. Helmut Zemo alikuwa ofisa wa jeshi la Sokovia. Baba yake, mke wake na mtoto wake walikufa katika vita vya Avengers, na kila mara tunamwona akisikiliza tena sauti ya mkewe iliyobaki kwenye simu. Ni muuaji, simtetei. Alilipua watu Vienna ili amsingizie mwingine. Lakini ni mtu mwenye madai ya haki ambaye hakupata pa kuyapeleka, na T'Challa, mtoto wa mfalme aliyeuawa, analielewa hilo mwishoni. Muda wote T'Challa amekuwa akimwinda mtu asiye na hatia ya kifo cha baba yake. Anapompata mwenye hatia halisi, anamzuia hata asijiue, na kumkabidhi kwa vyombo vya sheria. Chadwick Boseman ameigiza hapo kwa utulivu unaogusa sana. Wapinzani wawili wakubwa, Tony na Steve, wako ndani wakitwangana, na hawalioni hilo.

Umeuliza pia kwa nini tunampenda asiyetaka kusimamiwa. Jina lake ndilo la filamu, hilo ni sehemu tu ya sababu. Kubwa ni kwamba tumeonyeshwa mambo ambayo hakuna jopo lingeweza kuyaona. Sisi tunajua Bucky hakutega bomu kwa sababu kamera ilitupeleka kwa Zemo. Steve hajui, anaamini tu rafiki yake, na bahati yake imani hiyo ikatokea kuwa kweli. Katika maisha hakuna kamera ya aina hiyo, na kila mwenye silaha anaamini kwamba rafiki yake hana kosa. Waulize wanafunzi: mngekuwa na taarifa alizokuwa nazo polisi wa Bucharest siku ile, mngekuwa upande gani?

Kitabu cha katuni kilichotangulia, cha Mark Millar na Steve McNiven cha mwaka 2006 hadi 2007, kilikuwa na ujasiri zaidi hapa. Kule mlipuko unatokea Stamford, Connecticut, karibu na shule, na sheria inayofuata inatungwa na Bunge la Marekani. Mwishoni, Steve akiwa anakaribia kushinda pambano, wanaomkamata na kumzuia ni watu wa kawaida: wazima moto, wahudumu wa gari la wagonjwa. Anageuka, anaona jiji walivyoliharibu, anasalimu amri. Filamu imelitupa tukio hilo na kuweka badala yake video ya tarehe 16 Desemba 1991 ya kuuawa kwa wazazi wa Tony mikononi mwa Bucky, na ugomvi wa sheria ukageuka ugomvi wa damu. Inaumiza kuitazama, na imeigizwa vizuri, ila swali lako wewe linaishia pale bila kujibiwa. Miaka sita baadaye, katika tamthilia ya She-Hulk ya mwaka 2022, tunasikia kwa kupita tu kwamba Mkataba wa Sokovia umefutwa.

Kwa hiyo katika mdahalo ujao usiwagawe kwa Tony na Steve. Wagawe wawe wajumbe wa mkutano wa Vienna: kundi moja Nigeria, jingine Wakanda, jingine Marekani, jingine Avengers, na kundi moja ndugu wa marehemu wa lile jengo la Lagos. Hawa wa mwisho wape wanafunzi wanaojua kusema, na waanze wao. Kila kundi liandike ibara moja tu, inayoanza hivi: "Mtu aliyeumizwa na kikosi hiki, au ndugu wa aliyeuawa, atapeleka madai yake kwa..." Wamalizie wenyewe, kisha wapige kura. Nitafurahi ukinitumia ibara iliyopita.